Majina mawili nyuma ya picha

Ingia sebule ya nyumba yoyote ya zamani Ngamiani, hapa Tanga, iwe barabara ya sita au ya kumi na tano. Juu ya kabati la vyombo au pembeni ya kalenda ya duka utaikuta picha nyeusi na nyeupe ndani ya fremu ya mbao. Babu amevaa kanzu na koti, kofia ya kazi ya mkono kichwani. Bibi amekaa kitini, mikono juu ya mapaja. Mtoto kasimama katikati yao, macho kayatoa, maana kaambiwa asitikisike. Waulize wenyeji waliomo ni kina nani, watakutajia mmoja mmoja, na ukoo wa kila mmoja, na nani alimwoa nani. Kisha waulize aliyepiga. Hapo jibu huwa fupi: walipigwa studio, huko mjini.

Huyo wa "huko mjini" ndiye ninayetaka kumsemea. Dai langu ni kwamba kila picha ya mtu imetengenezwa na watu wawili, aliyekaa mbele ya kamera na aliyesimama nyuma yake, na historia ya upigaji picha Afrika imekuwa ikimtaja mmoja na kumwacha mwenzake. Wakoloni walimwandika mpiga picha, wakamfuta aliyepigwa. Majumba ya sanaa ya Ulaya na Marekani yamefanya vilevile, ingawa kwa heshima zaidi. Sisi majumbani tumekwenda kinyume: tumemtunza aliyepigwa, tumemsahau mpigaji. Kwa hiyo picha nyingi za pwani yetu ni nusu ya ushahidi, na nusu ya pili imo vichwani mwa wazee.

Tuanzie mbali kidogo, Bamako, nchini Mali. Seydou Keïta alikuwa fundi seremala. Mwaka 1935 mzee mmoja wa ukoo wake alimletea kamera ndogo ya Kodak kutoka Senegal, na mwaka 1948 akafungua studio, si mbali na stesheni ya reli, wasafiri wakawa wanapitia kwake. Pazia lake la kwanza lilikuwa shuka la kitanda lenye matamvua. Kila baada ya miaka michache alibadilisha pazia, na baadaye, alipotaka kujua picha fulani ni ya mwaka gani, alilitazama pazia akajua. Alikuwa na suti, saa za mkono, redio na skuta, mteja akitaka anapewa apigiwe navyo. Mwaka 1991 picha zake kadhaa zilitundikwa kwenye maonyesho New York, na maelezo yakasema mpiga picha hajulikani. Wakati huo Keïta alikuwa hai, yuko Bamako, na wenyeji wa mji wanamjua. Mtu akatumwa kutoka Paris kumtafuta, akampata. Mwaka 1994 Paris ikamwandalia maonyesho yake peke yake, na picha ambazo mteja alikuwa akiondoka nazo ndani ya bahasha zikachapishwa upya, kubwa za kujaza ukuta. Alipofariki mwaka 2001 jina lake lilikuwa limeenea dunia nzima, na ugomvi wa nani ana haki na negativu zake, zile filamu ambazo picha huchapwa kutoka kwake, ukaishia mahakamani.

Haki ya Keïta ilirudi, na ninaifurahia. Lakini tazama waliokaa mbele yake. Yule kijana wa miwani na suti nyeupe aliyeshika ua moja mkononi, yule mwanamke aliyejilaza juu ya tandiko la maua akiegemea mkono: wamezunguka dunia kwenye vitabu, mabango na postikadi, na chini yao pameandikwa "Bila jina". Watu hawa walikuwa na majina. Waliingia kwa miguu yao, wakalipa, wakarudi baada ya siku mbili tatu kuchukua kopi zao, na mtaani kwao walijulikana ni watoto wa nani. Aliyesahaulika alipopatikana, hakuna aliyekuwa na haraka ya kuwatafuta waliosahaulika pamoja naye.

Kwetu mambo yalianza vibaya zaidi. Walther Dobbertin, Mjerumani, alifanya biashara ya picha Dar es Salaam mwanzoni mwa karne ya 20. Alizunguka koloni lote na kamera yake: bandari, reli, mashamba, askari, soko, wanawake. Nyingi ziligeuka postikadi za kupelekwa Ulaya. Mwishoni mwa mwaka 2008 Bundesarchiv, hifadhi ya nyaraka ya taifa la Ujerumani, iliweka makumi ya maelfu ya picha zake za kihistoria kwenye Wikimedia Commons, ghala la picha la mtandaoni, ili watu wazitumie bure, na za Dobbertin zimo. Sharti la kuzitumia ni utaje hifadhi, namba ya picha na jina la mpigaji. Ni sharti la haki kabisa kwa Dobbertin. Kwa askari aliyesimama kwenye jua, kwa mpagazi, kwa mwanamke aliyegeuzwa uso upande ili hereni zake zionekane, hakuna sharti lolote. Maelezo yanataja kabila lake au kazi yake, basi. Kanuni ya mwaka 2008 imerithi daftari la mwaka 1908 kama lilivyo.

Tanga ina mahali pake katika picha za namna hiyo. Reli iliyoanzia hapa mwaka 1893 na kufika Moshi mwaka 1911 ilipigwa picha nyingi, na katika nyingi ya hizo watu wamesimamishwa kando ya injini au daraja ili ukubwa wa chuma uonekane. Katani nayo ikafuata. Mkonge ulioletwa mwaka huohuo wa 1893 ulikuja kuifanya Tanganyika kuwa mzalishaji mkubwa wa katani duniani, na mashamba ya Tanga yakajaa manamba waliotoka mbali kwa mikataba, mtu akiandikwa kwa namba, akilipwa kwa namba. Picha za mashamba hayo zinaonyesha mstari wa migongo na vichanja vya nyuzi zilizoanikwa. Ukizitazama nyingi mfululizo unaanza kuona kwamba kamera hiyo haikuwa na haja na uso wa mtu hata ilipokuwa imeuelekea.

Sasa mchukue mtu wa zama hizo umwingize studio siku ya mapumziko. Kavaa shati safi. Katoa shilingi zake. Ghafla mambo yamegeuka: yeye ndiye anayeamuru. Anataka kusimama au kukaa? Picha nzima au kifua? Anataka redio mezani ionekane? Mpiga picha anampanga mabega, anamwinua kidevu, anamwambia asicheke au acheke, lakini mteja akisema hapana, ni hapana, maana picha ni yake na itapanda basi kwenda kwao. Makubaliano haya ya dakika chache ndiyo ninayoyaita kazi ya utamaduni. Nchi ilikuwa imejaa vipande vya kazi, orodha na namba, na studio ilikuwa mahali ambapo mtu alijieleza mwenyewe anavyotaka ajulikane, mbele ya shahidi aliyejua kazi.

Na kazi hiyo ilikuwa ufundi hasa. Waliokua mjini kabla ya mashine za rangi kuingia wanakumbuka: kamera juu ya miguu mitatu, taa mbili kubwa zinazochoma uso, pazia lililochorwa ngazi na nguzo au bahari na minazi, maua ya plastiki kwenye chombo. Nyuma, chumba cha giza chenye balbu nyekundu. Karatasi nyeupe inatumbukizwa kwenye dawa, na polepole nyusi zinatangulia, kisha macho, kisha mdomo. Fundi hodari alikaa na negativu mbele ya kioo chenye mwanga, akachonga penseli ikawa kama sindano, akaziba alama za ndui na makunyanzi kwa nukta ndogondogo. Mwingine alipaka rangi kwa mkono: waridi kwenye mashavu, dhahabu kwenye bangili. Kisha muhuri nyuma, na namba ya negativu, ili mtu akitaka kopi nyingine aitaje. Namba hiyo iliandikwa pia daftarini, pamoja na jina la mteja, idadi ya kopi na fedha aliyotanguliza.

Daftari hilo, lenye madoa ya dawa na chai, ndilo mahali pekee ambapo majina mawili yalikutana: la mwenye studio juu ya jalada, na la aliyekaa ndani yake.

Ukisoma orodha za wapiga picha wakubwa wa Afrika, utakuta Keïta na mwenzake wa Bamako, Malick Sidibé, aliyepewa tuzo ya sanaa ya Simba wa Dhahabu huko Venice mwaka 2007, Mwafrika wa kwanza kupata heshima hiyo. Utamkuta J. D. 'Okhai Ojeikere wa Nigeria, aliyeanza mwaka 1968 kupiga mitindo ya nywele za wanawake, kichwa baada ya kichwa. Utamkuta James Barnor wa Accra na Samuel Fosso wa Bangui, aliyefungua studio akiwa na miaka 13. Pwani yetu hutajwa kwa nadra, na nadhani najua sababu. Dunia ilitaka hadithi nyoofu, ya Mwafrika mweusi kumpiga Mwafrika mweusi baada ya Mzungu kufungasha, na pwani ya Waswahili hainyooki hivyo.

Unguja, A. C. Gomes, Mgoa, alikuwa na studio tangu mwaka 1868. Ranchhod Oza alifungua Capital Art Studio hapohapo Unguja mwaka 1930, na mwanawe Rohit akaiendeleza. Mombasa ilikuwa na N. V. Parekh, ambaye familia za Kiswahili zilimwendea kizazi baada ya kizazi. Lamu alikuwako Omar Said Bakor, aliyezaliwa mwaka 1932 na kufariki mwaka 1993, aliyejifundisha mwenyewe, akakata na kuunganisha picha kwa mkasi na gundi akiweka nyuso za watu mahali ambapo kamera peke yake isingeweza kuzifikisha. Likoni, pale kivukoni, wapiga picha wa miaka ya 1990 walitundika mapazia ya meli na ndege, na vijana wa bara waliofuata kazi Mombasa wakapigwa mbele yake, wakatuma nyumbani.

Je, Gomes, Oza na Parekh ni wapiga picha wa Kiafrika? Kwangu ni Waafrika bila shaka yoyote. Mtu aliyeishi pwani maisha yake, akazungumza Kiswahili na wateja wake, akajua namna ya kumketisha bibi harusi bila kumvunjia heshima na namna ya kumpanga sharifu na wanafunzi wake, kazi yake ni ya hapa. Ukimtoa kwa sababu babu yake alitoka Goa au Gujarat, itabidi uitoe nusu ya Tanga yenyewe: nusu ya majengo ya mjini, nusu ya maduka, na sehemu kubwa ya picha zilizo kwenye kabati za watu wanaojiita wenyeji halisi. Kwa upande wa habari tumekuwa wepesi zaidi kulikubali hili. Mohamed Amin, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1943 na kukulia Dar es Salaam, ambaye picha zake za njaa ya Ethiopia mwaka 1984 ziliishtua dunia, hakuna Mwafrika Mashariki anayesita kumwita wetu. Mwenye studio ya mtaani anastahili uraia uleule.

Kuna picha moja ya ukoo wetu ninayotaka tuitazame kwa karibu. Wanawake wawili, wamesimama, wamejifunga kanga za doti moja, mmoja kila upande wa kiti kitupu. Mandhari ya nyuma ni pazia lisilo na mchoro. Wote wawili hawacheki. Kwa macho ya mgeni ni picha nzuri ya "wanawake wa pwani", ingeuzwa postikadi kesho. Niliipeleka kwa shangazi.

"Shikamoo, shangazi. Hawa ni kina nani?"

"Marahaba. Huyu si bibi yako mdogo, dada yake bibi yako? Na huyu shoga yake, wa Pangani. Walivaa sare."

"Na kiti mbona kitupu?"

"Mwanangu, kiti hicho cha somo yao. Alikuwa kafa mwezi ule. Wakamwambia mpiga picha akiache hapo, asikitoe."

Kisha akaichukua, akaisogeza dirishani, akasoma maandishi ya kanga kwenye pindo, neno kwa neno, maana picha nyeusi na nyeupe iliyosafishwa vizuri haifichi herufi. Akasema kanga ile ilitoka mwaka fulani, akautaja kwa harusi iliyofanyika mwaka huo. Palepale picha ikapata tarehe, majina matatu, msiba mmoja, na ujumbe ambao wanawake wale waliuchagua kwa makusudi kabla hawajatoka nyumbani. Kanga haivaliwi mbele ya kamera kwa bahati mbaya. Mtaalamu wa makumbusho wa mbali angeweza kukaa na picha ile miaka na miaka asikione kiti. Tena mpiga picha aliyekubali kuacha kiti kitupu katikati ya picha yake, kinyume cha mazoea yote ya studio, alishiriki maombolezo yale. Alielewa alichoombwa. Muhuri wake nyuma umefutika, imebaki namba.

Afrika Kusini alikuwako mtu aliyelishughulikia jambo hili kwa moyo wote. Santu Mofokeng, mzaliwa wa Soweto, alikuwa mpiga picha mkubwa kwa haki yake mwenyewe, lakini sehemu ya maisha yake aliitumia kuzitafuta picha za studio za familia nyeusi za tangu miaka ya 1890, zilizokuwa zimesahauliwa kwenye makabati na masanduku. Alizipiga upya, akauliza kila mahali: hawa ni nani, walikuwa wakifanya kazi gani, nani aliwapiga, walitaka nini? Majina aliyoyapata aliyaandika. Yasiyopatikana aliyaonyesha kwamba yamekosekana. Alifariki mwezi Januari mwaka 2020. Kwa maoni yangu kazi ile ya kuuliza ina uzito sawa na picha alizopiga yeye.

Naujua ubishi unaokuja hapa, na ni ubishi wa maana. Picha za wanawake wetu si za kuanikwa. Bibi aliyepigwa ndani, kichwa wazi, kwa ajili ya mumewe aliye Muscat au kwa ajili ya dada yake Mombasa, hakupigwa kwa ajili yangu wala yako. Hata leo kadi nyingi za harusi mjini huomba wageni wasipige picha ukumbini, na shughuli za wanawake hupigwa na wanawake. Wazungu wa postikadi ndio waliozoea kuona kila uso ni halali yao. Mradi wowote wa kuhifadhi picha za pwani unaoanza kwa kuzimwaga mtandaoni umeanza kwa kuwaiga. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 sasa inazitambua taarifa za mtu kuwa ni za kulindwa, lakini adabu yetu ililijua hilo kabla ya sheria. Kuhifadhi na kutangaza ni mambo mawili. Jina linaweza kuandikwa, picha ikatunzwa, na mlango ukabaki umefungwa mpaka wenye ukoo waseme. Lakini stara iachwe mahali pake. Imekuwa rahisi mno kuitumia kama kisingizio cha kuziacha picha zioze.

Maana kuoza zinaoza. Filamu za miaka ile zina asidi ndani yake, na kwenye joto na unyevu kama wa Tanga zinaanza kujila zenyewe: ukifungua bati lake unapigwa na harufu ya siki, na filamu imejikunja kama jani kavu. Ukungu nao hupenda jelatini inayobeba picha, huitafuna usoni kwanza. Picha za rangi za miaka ya 1980 zinageuka nyekundu albamuni, kwa sababu rangi ya samawati ndiyo inayotangulia kufa. Mtu asiziweke ukuta unaopata jua, asizigandishe kwa gundi, asiziache kwenye zile albamu za karatasi zinazonata. Aandike nyuma kwa penseli laini, si kalamu ya wino. Hayo ni madogo yanayowezekana leo.

Kinachonitia hofu zaidi ni studio zenyewe. Mzee anafariki, warithi wanahitaji chumba kwa ajili ya duka la simu, masanduku ya negativu yanatolewa nje. Yale ya Bangui yanatisha: mwaka 2014, vita vilipokuwa vimepamba moto, nyumba ya Samuel Fosso iliporwa na negativu zake zikatupwa nje, zikaokolewa na waandishi wa habari waliokuwa wakipita. Negativu kama 60,000 za Ernest Cole wa Afrika Kusini, aliyefia uhamishoni mwaka 1990, zilijitokeza mwaka 2017 kwenye sanduku la benki Stockholm. Hao ni watu wenye majina duniani. Mpiga picha wa barabara ya nane hana mwandishi wa habari wa kupita wala benki ya Sweden.

Inawezekana kufanya vizuri zaidi, na waliofanya wapo. Mali wameshirikiana na chuo kikuu kimoja cha Marekani kuzisafisha, kuzipanga na kuzinakili kidijitali negativu zaidi ya 100,000 za wapiga picha watano wa studio, na negativu zenyewe zimebaki Mali. Kazi yao ilirahisishwa na tabia za mafundi wenyewe: Sidibé alikuwa akibandika picha ndogondogo za kila shughuli kwenye karatasi ngumu, akaandika tarehe na jina la klabu ya vijana. Leo ukitaka kujua vijana wa Bamako walicheza wapi usiku fulani wa miaka ya 1960, unajua. Sisi tuna Tanga ya Black Star na Lucky Star, vilabu vya taarabu, mji ulioipa taarabu gitaa la besi na sauti mpya kabisa, na sauti tunazo. Nani alikaa mbele, nani alishika chombo gani, kinanda kiliingia lini: hayo majibu yako kwenye picha za vilabu zilizomo masandukuni mwa watu.

Mahali pa kuanzia papo. Urithi Tanga wana makumbusho kwenye Boma la zamani, na wamekwisha onyesha kwamba watu wa mji huja kutazama picha za mji wao. Maktaba ya Mkoa ina meza na dari isiyovuja. Bagamoyo iko TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni, ambayo tangu ikiitwa Chuo cha Sanaa mwaka 1981 imefundisha ngoma, maigizo na uchoraji, na ingeweza kumfundisha kijana kuitunza negativu kama inavyomfundisha kuwamba ngoma. Lakini kitu cha kwanza kutafutwa kiwe daftari, kabla ya picha. Sanduku la negativu lisilo na daftari ni umati wa wageni. Lenye daftari ni mtaa. Na anayekwenda kwa warithi wa studio aende na mkataba na fedha mkononi. Picha ni kazi inayolindwa na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na familia iliyotunza masanduku miaka 40 chini ya kitanda imekwisha toa mchango wake. Sitaki kuona watu wa makongamano wakiondoka na diski ya kompyuta yenye kila kitu huku mjane wa fundi akipewa fulana.

Hapo wapiga picha wa sasa nao waingie. Tanga imejaa vijana hodari, wa kiume na wa kike. Jumamosi utawaona Raskazone na bi harusi, wakihangaika na mwanga wa jioni, wanajua kazi. Wanaandika jina la studio yao pembeni ya kila picha, na wana haki. Ila bi harusi mwenyewe yumo kwenye faili linaloitwa herufi tatu na tarakimu nne, na kulichunguza faili baadaye hakutasaidia, kwa sababu picha ikipita WhatsApp inabanwa, na taarifa zilizokuwa ndani yake za tarehe na kamera zinaondolewa njiani. Simu ikiibwa au ikizama, imekwenda na ukoo mzima. Picha zilizopigwa Tanga mwaka huu ni nyingi kuliko zote zilizotoka studio za babu zetu, na zinaweza kuwa ndizo za kwanza kukosa majina yote mawili.

Dawa yake haihitaji mfadhili. Faili lipewe jina la bibi na bwana harusi, mtaa, tarehe na mpigaji. Kopi moja ibaki kwenye diski ya studio. Chache zilizo bora zichapwe kwenye karatasi na ziandikwe nyuma. Ni kazi ya robo saa, na ifanyike kabla kadi ya kumbukumbu haijafutwa kupisha harusi ya Jumamosi inayofuata.